Kwa Nini Kila Kanga Ana Pembe Kichwani

Tulieni basi, niwaeleze jambo ambalo mimi mwenyewe mpaka leo sijalielewa vizuri.

Zamani, katika kundi zima la ndege hawa kanga, mwenye pembe kichwani alikuwa mmoja tu, Mfalme Mwinyikombo. Na desturi yao ilikuwa hii: asubuhi hakuna aliyedonoa hata punje mpaka Bi Tatu, mpiga mbiu, apande kichuguuni alitaje jina la mfalme. Likishatajwa, walikula kwa amani. Walizoea hivyo hata hakuna aliyejisumbua kwenda kumtazama mfalme mwenyewe.

Asubuhi moja Shomvi, mkuu wa walinzi, alimkuta Bi Tatu akiatamia mayai manane chini ya kichuguu.

"Leo utalitaja langu," akamwambia, ukucha wake umegusa yai.

Mkono usioweza kuukata, ubusu. Bi Tatu akapanda, akamtaja Shomvi. Kanga wakatazamana kidogo, kisha wakala, maana walikuwa na njaa.

Mwinyikombo akatoka nyumbani na pembe yake. "Mbona mimi nipo?"

"Shikamoo, mzee," wakamwamkia kwa adabu. "Lakini hukutajwa."

Maskini, naye akaanza kujitilia shaka. Shomvi akamvua pembe bila hata kupigana.

Kufika saa nne walinzi wakamgeuka Shomvi, na Bi Tatu akaamriwa amtaje mwenzao Kaniki. Adhuhuri akatajwa mwingine, alasiri mwingine. Kundi likakimbia huku kupongeza, likageuzwa, likakimbia kule. Pembe ikagombaniwa mpaka ikavunjika. Hapo kila kanga akajibandika kipande cha mfupa kichwani kiwe pembe, kwa sababu mwenye pembe hakuulizwa yuko upande wa nani.

"Sasa mfalme ni nani, Bi Tatu?" wakamwuliza jioni.

"Hilo ndilo nililotaka kuwauliza ninyi."

Akashuka kichuguuni. Mayai yote manane yalikuwa yamepondwa. Shomvi hakuyavunja. Yalikanyagwa na kundi lenyewe katika kukimbilia kupongeza. Roho inaniuma kila ninapofika hapa.

Na tangu siku hiyo kila kanga ana pembe, na humfuata yeyote aliyetangulia kukimbia. Jike huficha mayai yake majanini, mbali na wenzake. Asubuhi mtawasikia wakipiga kelele, lakini hamtasikia jina lolote. Ni Bi Tatu anayeuliza nani aliyakanyaga, na wote wanajibu kwa pamoja kwamba si wao.