Vuai na Jumba la Sultani

Hapo zamani palikuwa na maskini mmoja aliyeitwa Vuai, na mali yake yote ilikuwa kibanda kilichoinama na ulimi usioinama. Katika mji wake kila nyumba ilikandikwa na watu wote. Mwenye nyumba ndiye hutangulia kukanyaga udongo, huwapikia wenzake, huimbiwa kejeli, kisha naye huenda kumkandikia kila aliyemkandikia.

Basi Sultani Mwinyikondo, aliyekwisha kuchoshwa na maneno ya Vuai, akasimamisha jumba la vyumba saba, akamwita. "Ewe Vuai, kesho lete watu mlikandike jumba langu, na jua likichwa liwe limekwisha. Tena mfanye vilevile mfanyavyo kwenu, msije mkanilipulia kazi. Mkipunguza jambo moja, kibanda chako nitakibomoa."

Vuai aliogopa kweli, kwani mkewe alikuwa mja mzito na hawakuwa na pengine pa kulala. Akauliza taratibu, "Jambo lolote, bwana wangu?"

"Hata liwe dogo kama punje. Naapa mbele ya mawaziri."

Asubuhi watu wakaja, wakaketi. Jua likapanda, nao wameketi. Sultani akatoka amekunja uso. "Mbona hamfanyi kazi?"

"Tunakungoja wewe, bwana," akasema Vuai. "Kwetu mwenye nyumba ndiye hutangulia. Nami nina kibanda cha kuchunga."

Sultani akawatazama mawaziri. Mawaziri wakatazama dari, ambayo bado haikuwapo. Akavua makubadhi, akaingia topeni. Habari ikaenea, na hata wagonjwa wa miaka mingi wakapona siku ile, wakaja kuona. Na kwa kuwa kila aliyekuja alishikishwa udongo, ikawa jua halijachwa jumba limekwisha. Wanawake wakamwimbia kwamba visigino vyake ni laini kuliko maandazi. Akapika wali, ukaungua, ukaliwa.

Sultani akanawa miguu, akacheka kidogo. "Umenishinda, Vuai. Haya, kila mtu aende zake."

"Limebaki jambo moja, bwana. Tulikuja watu mia na arobaini."

Sultani akaitazama miguu yake aliyokwisha kuinawa. "Naanza kwa nani?"

"Kwa mwenye nyumba mbovu kuliko zote."

Basi kesho yake Vuai akatangulia kuingia topeni, na Sultani nyuma yake, akakikandika kibanda kile kile alichoapa kukibomoa. Mkewe Vuai akampakulia wali usioungua.