Ngiri Aliyetaka Kupendeza Kwenye Filamu

Paukwa!

Pakawa.

Walioko nyuma sijawasikia. Paukwa!

Pakawa.

Hapo zamani za kale, lakini si kale sana kwa sababu kamera zilikuwepo, palikuwa na bonde lenye tope. Baraza la kijiji likasema bondeni hamna kitu, lilimwe. Trekta likaja, likasimama ukingoni.

Kulikuwa na mama mmoja, Bi Nasieku, mpiga filamu za wanyamapori. Akawaomba wazee wampe siku saba awaonyeshe wanaoishi humo. Wakampa.

Kanga alikuwa kichakani, akasikia yote. Akakimbia kuwaambia wenzake kwamba wasipoonekana, bonde limekwenda.

Ngiri akaitisha mkutano. Akasema watu wakituona tulivyo watatucheka, basi kila mmoja ajirembe. Yeye mwenyewe akaoga mtoni, akajisugua mpaka ngozi ikang'aa, akabandika nyasi kichwani ziwe nywele. Fisi akakatazwa kucheka. Kobe akaambiwa atembee upesi. Akajaribu, akaanguka chali.

Bi Nasieku akaja na kamera. Siku ya kwanza akawakuta wamepanga mstari, kimya, kama maharusi wanaopigwa picha. Siku ya pili, vilevile. Siku ya sita, vilevile. Akakaa chini, akashika tama.

"Nikiwapelekea hii," akasema peke yake, "wataniambia nimepiga picha vinyago."

Kanga akazipeleka habari kwa Ngiri. Ngiri akajibu, "Afadhali kinyago kuliko kichekesho."

Siku ya saba jua likawaka. Ngiri hana tope mwilini. Nzi wakamjia, ziii. Ngozi ikawasha. Akavumilia. Ikawasha. Akavumilia. Ikawasha tena, na mkutano akausahau. Mkia juu, mbio, topeni chubwi! Akagaagaa huku, akagaagaa kule. Watoto wake wanne wakamfuata, chubwi, chubwi, chubwi, chubwi. Fisi akashindwa kujizuia, akacheka mpaka akakaa chini. Ndipo Ngiri akaiona kamera. Haya zikamshika, akaingia shimoni kinyumenyume, ikabaki pua.

Kamera ilikuwa imechukua yote.

Jioni filamu ikaonyeshwa kwenye shuka jeupe, ukutani mwa shule. Kanga akatazama akiwa juu ya paa. Asubuhi akamwendea Ngiri, angali shimoni.

"Walinicheka?" Ngiri akauliza.

"Walikucheka. Mwenyekiti wa baraza alifuta machozi."

Ngiri akairudisha pua ndani.

"Na trekta?"

"Limeondoka. Mwenyekiti kasema, kumbe tope lina wenyewe."

Ngiri akafikiri. Akafikiri tena. Kisha akatoka shimoni.

"Basi na wacheke," akasema, akaenda zake topeni.

Mnaonisikiliza, wakubwa kwa wadogo: kuchekwa hakuui. Anayeificha sura yake, siku ya kutetewa hakuna atakayemjua.

Hadithi yangu imefika ukingoni mwa tope, na hapo imeishia.