Ushahidi wa Mama Wakesho

Mzee Mwakio wa Voi aliwapenda watu wake mno, hata ufunguo wa geti aliufunga kiunoni, mkewe asije akasumbuka kutoka. Binti yake Wakesho, mwenye miaka thelathini, aliporuka ukuta na kuolewa na fundi wa baiskeli, mzee alikimbilia mahakamani. Alidai binti amezuiliwa na huyo fundi, aletwe mbele ya jaji.

Wakesho alimtumia salamu moja tu: "Mwambieni baba atashindwa, hana shahidi."

Siku ya kesi mzee akaja na shahidi, mkewe.

"Mheshimiwa, mtazame mama yake," alisema. "Amevimba kwa uchungu."

Kweli, Mama Wakesho alikuwa amenenepa ghafla, na jasho lilimtiririka.

"Binti, umezuiliwa?" jaji aliuliza.

"Hapana, mheshimiwa. Ila naogopa baba atanishika pale mlangoni."

"Hakuna wa kukushika. Mtu mzima huenda anakotaka."

"Mtu mzima yeyote? Hata mke wa mtu?"

"Yeyote aliye humu. Atakayemzuia nitamweka ndani."

"Asante. Mama, umesikia?"

Mama Wakesho aliinuka, akamshika binti yake mkono. Mzee akasimama. Askari wa mahakama naye akasimama, na mzee akakumbuka kuketi.

Nje, mama alivua gauni. Chini yake palikuwa na la pili, na chini ya hilo la tatu.

"Si ulisema kwenye simu nisije na begi?" alimwambia binti yake. "Nikaona niyavae."