Kamba ya Bi Mboja

Paukwa!

Pakawa!

Palikuwa na kamba.

Ilifunga nini?

Ilifunga zimwi. Sogeeni, nisirudie.

Zimwi lilikaa pangoni. Mlango wa pango ulikuwa magogo yaliyofungwa kwa kamba ya Bi Mboja. Mama huyo alifukia makumbi ya nazi matopeni, akayaacha mpaka yaoze, akayaponda, akazisokota nyuzi zake. Kila alipofunga kamba mpya, zimwi liliuliza, "Kamba ya nani?"

"Ya Mboja."

Zimwi likavuta. Kamba ikalia. Kamba ikashika.

Basi Bi Mboja akaugua, akapofuka. Kazi ikamwangukia bintiye, Mize. Naye Mize alikuwa amechumbiwa. Wenzake kisimani walimcheka, wakisema siku ya harusi mume hatahitaji kuonyeshwa chumba, atafuata harufu ya matope.

Siku moja Mize aliyafukua makumbi kabla hayajaoza. Yalikuwa magumu kupondeka. Akasokota hivyo hivyo. Kwa macho, kamba yake ilipita ya mama yake: nyeupe, haina harufu.

Bi Mboja akaomba kuishika. Mize akampa kipande cha kamba ya zamani. Mama akakipapasa, akakinusa.

"Hii imeiva, mwanangu," akasema. "Kama niliyosokota mimi. Sasa nitalala."

Mize akaenda pangoni, akafunga kamba mpya, akakata ile kuukuu.

"Kamba ya nani?"

"Ya Mboja."

Zimwi likavuta. Kamba ikalia. Kamba ikashika.

"Kamba ya nani?"

"Ya Mboja."

Zimwi likavuta. Kamba ikalia. Kamba ikashika.

"Kamba ya nani?"

Mize akasita. "Ya Mboja."

Zimwi likavuta. Kamba haikulia. Ikakatika.

Mize akaliambia zimwi kweli, kwamba kamba ile ni yake yeye, mama yake hakuigusa.

"Mara tatu umesema ya Mboja," zimwi likajibu. Likampita, likashika njia ya nyumbani kwao.

Mize alipofika, kitandani kwa mama yake alikuta kile kipande cha kamba tu.

Harusi haikufanyika. Mize akafukia makumbi mengine. Zimwi bado liko nje. Ndiyo maana mlango wetu nimeutia komeo mapema. Watu hawamcheki Mize tena kwa harufu. Kila anayepita humuuliza jambo moja, kama makumbi yameoza. Naye hujibu, bado.

Hadithi yangu imekatikia hapo. Kazi ya mikono ina muda wake, watoto. Ukiupunguza, usiitie kazi hiyo jina la aliyekufundisha.