Mbogo Aliyekataa Kushuka Bondeni

Paukwa! Mbona wachache? Na nyie watu wazima, msijifanye hamsikii. Paukwa! Pakawa! Haya, sasa tuko pamoja.

Hapo zamani za kale mbwa mwitu walivuka mto, kundi zima, wakaanza kula ndama. Wanyama wote wala majani wakamchagua Mbogo awe jemadari wao.

Mbogo akawapandisha kilimani, kwenye mawe. Mbwa wakija, wakubwa wanapiga duara, pembe nje, ndama katikati. Mbwa wanazunguka, wanazunguka, wanashindwa, wanarudi bondeni na njaa yao. Kesho hivyo hivyo. Keshokutwa hivyo hivyo. Mbogo anaambiwa shuka tupigane, hashuki. Alisema hao wako mbali na kwao, njaa itawarudisha.

Lakini majani ya kilimani yalikuwa makavu, na mwenye njaa hakosi maneno. Wakamwita mwoga. Msaidizi wake, Kongoni, ndiye aliyesema kuliko wote. Wakakaa kikao, wakaamua kundi ligawanywe nusu kwa nusu, Kongoni naye awe jemadari. Ilimuuma Mbogo, ilimuuma sana, ila aliwahesabia nusu yao.

Kongoni akashuka na nusu yake, na ndama wao, tifu tifu tifu, mpaka bondeni. Mbwa wakachomoza vichakani, huku na huku. Kongoni akaamuru wapige duara. Wakapiga. Duara halikufunga. Nusu ya kundi haikutosha kuwazunguka ndama. Likabaki pengo, na mbwa wakaliona.

Kule juu wenzake wakamwambia Mbogo awaache wakome, si wamejitakia wenyewe? Mbogo akatazama chini. Angekaa tu, na hakuna ambaye angemwita mwoga tena.

Akasema, "Wale ndama hawakunitukana."

Akashuka, nusu yake nyuma yake, gudu gudu gudu! Akasimama penye pengo yeye mwenyewe. Mbwa wakapigwa pembe, wakarushwa, puu! Wakachoka. Wakavuka mto mbavu nje, wasirudi tena.

Kongoni akaja mbele ya wote, sikio limechanika, machozi yanamtoka.

"Nilikuita mwoga. Leo nakuita baba. Chukua nusu yangu, na mimi nikiwemo."

"Rudi kwenye nafasi yako, mwanangu," Mbogo akamjibu. "Bila wewe hatutoshi."

Basi sikieni: anayesubiri si lazima awe mwoga, na aliyekutukana akipatwa na shida, mwokoe kwanza. Hadithi yangu imekomea hapo. Aliyesinzia amwulize jirani yake.