Kwa Nini Wayuvi Hawaoti Tena Mizizi

Miguu chini! Nanyi mnaitika: Haitulii! Basi iacheni izurure, masikio tu yabaki hapa. Mimi mwenyewe nitazunguka huku nikisimulia, na asiyetaka kupinda shingo anifuate.

Zamani, kabla bibi za bibi zangu hawajazaliwa, sisi Wayuvi hatukuwa watu wa kutangatanga. Miguu ilikuwa hii hii minne na shingo hizi hizi ndefu, lakini nyayo zetu zilikuwa laini, na ziliota mizizi. Mtu alisimama penye udongo mzuri, akatulia kidogo, mizizi ikashuka. Kwa mizizi hiyo alikula na kunywa. Kwa mizizi hiyo pia alizungumza, maana mizizi ya huyu ilipogusa ya jirani yake, mawazo yalipita ardhini kama maji kwenye mchanga. Mdomo ulikuwa wa kupigia miayo tu.

Msidhani ilikuwa raha tupu. Hebu fikirieni bonde zima la Huruu linajua kwamba humpendi shemeji yako! Siri haikuwepo, na mmoja akiumwa tumbo majirani wote walijishika matumbo. Ndiyo maana wazee waliweka sheria: mizizi iguse, isifungamane. Na kila jua dogo lilipojificha nyuma ya jua kubwa, watu wote waling'oka, wakatembea, wakaota mahali pengine kando ya jirani mwingine. Hiyo iliitwa Siku ya Kung'oka. Walinung'unika, maana kung'oka kunauma, lakini waling'oka.

Sasa palikuwa na mama mmoja, Nayemu, na binti yake wa pekee, Sirindi. Nayemu alikuwa mtu wa kutulia. Sirindi alikuwa na kiherehere. Wenzake wakisinzia kwa joto la mchana, yeye alikodolea macho ukingo wa bonde, kule jua kubwa linakotua. Kuna nini kule? Wanaishi nani kule? Maswali hayo yote yalipita ardhini, na kila moja lilimchoma mama yake.

"Mama," Sirindi alimwambia siku moja kupitia mizizi, "Siku ya Kung'oka ikifika, nitapanda ukingo."

"Utarudi lini?"

"Sijui kama nitarudi, mama."

Laiti angedanganya kidogo! Lakini mizizi haikujua uongo.

Basi binti aliposinzia, Nayemu alifanya jambo ambalo hakuna Myuvi aliyewahi kulifanya. Aliizungusha mizizi yake juu ya mizizi ya mwanawe, taratibu, ncha baada ya ncha, akaikaza. Mchelea mwana kulia hulia yeye. Hakuwa mama mbaya, alikuwa anaogopa, na mimi niliyezaa sithubutu kumcheka.

Alipomaliza, hofu ilimtoka akajaa utulivu. Ubaya ni kwamba utulivu ule haukukaa kwake. Ulipita ardhini hadi kwa jirani, ambaye naye alikuwa na mwana mwenye miguu myepesi, ukamlegeza. Ukaenda kwa mke aliyemwonea mumewe wivu, na kwa ndugu waliochoka kuagana. Bila hata kuulizana, wote wakaanza kufunga mizizi. Jua dogo lilipojificha, bonde lilikuwa mkeka mmoja, na hakuna aliyeng'oka. Mlinzi wa sheria alikuwa Mzee Tondwe, lakini naye alikuwa amejifunga kwa mkewe. Mnajua alisemaje? Eti penye wengi hapaharibiki neno! Mzee mzima, aibu.

Sirindi alivuta mguu mmoja, haukutoka. Akavuta wa pili.

"Mama, umenifanya nini?"

"Nimekushika tu, mwanangu."

"Niachie."

"Kesho."

Kesho ikazaa kesho, na mizizi ikazidi kunenepa na kushikana hata haikujulikana ipi ni ya nani. Sirindi aliacha kulala kabisa. Alivutavuta miguu tangu macheo hadi machweo, na bonde lote likapata kero ya kutotulia bila kujua inatoka wapi.

Udongo usiopumzishwa huchoka. Maji matamu yalinyonywa yakaisha, kisha chumvi ikaanza kupanda kutoka chini kabisa. Sirindi aliyekuwa macho ndiye aliyeihisi kwanza, lakini haikumchoma yeye. Mizizi ya mama ilikuwa imeifunika yake pande zote, kwa hiyo chumvi ilianza na ya mama. Nyayo za Nayemu zilikauka, kisha vifundo, na ukavu ukaelekea magotini.

Hapo watu walizinduka, kila mtu akivuta huku na huku, wasing'oke. Maji yalikuwa yamezidi unga. Njia ilibaki moja, kukata, na hiyo iliwatia hofu kuliko chumvi yenyewe. Mzizi uliokatwa hauoti tena. Mtu akiikata yote, hatamsikia mwenzake maisha.

Sirindi aliokota kipande cha jiwe chenye makali.

"Kata yako," mama alimwambia. "Yangu usihangaike nayo, chumvi imeshapanda mwilini."

"Nikikata sitakusikia tena."

"Najua."

"Nitajuaje kama umenikasirikia, mama? Nitajuaje kama unanikumbuka?"

Sirindi akakata mguu kwa mguu, akilia, na alipomaliza wa nne kukawa kimya. Hakuwahi kuwa peke yake kichwani tangu azaliwe. Aliutazama uso wa mama yake akaona kwamba hajui kuusoma, kwa sababu hakuwahi kuuhitaji. Je, mama alikuwa anamlaani? Alikuwa anamwita arudi? Chumvi ilikuwa inachanua juu ya udongo, inamla vidonda vya nyayo, naye hasogei. Hakuweza kuondoka bila kujua.

Nayemu aliona kwamba mwanawe atafia pale pale, amesimama. Akafungua mdomo. Mara ya kwanza ilitoka pumzi tupu. Mara ya pili akakohoa. Mara ya tatu alinyoosha shingo yake yote kuelekea ukingo wa bonde, na koo ambalo halijawahi kusema likakwaruza likatoa neno.

"Nenda."

Sirindi alielewa. Akamgusa mama shingoni, akageuka. Njiani alipita kwa huyu na yule akiwakata waliokubali, na waliositasita aliwapigia kelele kwa neno lile lile, maana ndilo pekee alilokuwa nalo. Mzee Tondwe na mkewe hawakukubali. Waliobaki hai walipanda ukingo kwa nyayo zinazovuja damu, na hakuna aliyegeuka, kwa kuwa hakukuwa na cha kusikia nyuma.

Na tangu siku hiyo nyayo zetu zina makovu magumu, hata za mtoto aliyezaliwa leo, na tukisimama mahali pamoja zinawasha mpaka tuhame. Tangu siku hiyo tunasema kwa mdomo, na kwa mdomo tunadanganya, hasa ninyi mtakaosema mlinisikiliza tangu mwanzo. Na mtoto wa Kiyuvi anaposimama kwa miguu yake minne kwa mara ya kwanza, mama yake hamwiti njoo. Humwambia, "Nenda." Wageni husikia wakadhani hatuwapendi watoto wetu. Waacheni wadhani. Mimi nimelisema neno hilo kwa kila mwanangu, na sijawahi kulisema bila koo kunikwaruza.