Jeneza Lenye Kona

Hapo zamani, si zamani ya mbali, maana mabati yalikwisha kuyashinda majani ya kuezekea, kule Rungwe aliishi mfugaji aitwaye Ambakisye. Alikuwa na ng'ombe mmoja wa maziwa, Malaika, na kila asubuhi alimsalimia huyo kabla ya mkewe.

Siku moja Ambakisye akaanza kuchechemea. Kiuno kilimuuma upande wa kulia, homa ikamtetemesha, na mguu ukagoma kunyooka. Ukikunjwa, anapumua. Ukinyooshwa, analia. Ikawa analala goti likiwa juu, blanketi limesimama kama hema.

Shangazi yake, Sekela, akaja kumuuguza. Alikuwa mtu wa mambo mapema, huyo. Nguo alianua kabla wingu halijakusanyika. Akamkanda kwa mafuta, mgonjwa akalia. Akamkanda tena, akalia zaidi. Homa haikushuka na mwili ukazidi kukonda. Ambakisye akaogopa kufa, akaogopa kweli, akaapa mbele ya watu: "Atakayeninyoosha mguu huu, Malaika ni wake."

Shangazi akasikia kiapo, akafuta machozi, akaenda kumwita seremala wa majeneza.

"Usinitazame hivyo, mwanangu," alimwambia. "Fundi Anyosisye ana kazi nyingi msimu huu. Tukichelewa tutapanga foleni."

Fundi akaja na futi yake. Akapima kutoka kichwani hadi kiunoni, hapo futi ikakwama. Akalibonyeza goti lishuke. Ambakisye akapiga yowe hadi Malaika akajibu zizini.

"Mama," fundi akamwambia shangazi, "tangu nianze kazi hii sijatengeneza jeneza lenye kona. Kifuniko nitakiweka wapi? Mpelekeni hospitali wamnyooshe kwanza, kisha nitakuja kupima upya."

Wakambeba kwa machela, goti likitangulia.

Hospitalini, Daktari Subilaga akamlaza ubavu, akauvuta mguu nyuma taratibu. Yowe lile lile. Akauliza, "Baba, siku za karibuni ulipata jipu?"

Ambakisye akatazama dari. Alilipata, tena kwenye tako, na kwa aibu akalitumbua mwenyewe nyuma ya zizi kwa mwiba wa mlimao.

"Basi huenda vijidudu vilipita kwenye damu," daktari akasema. "Kuna msuli ndani kabisa, unatoka uti wa mgongo, unapita kwenye nyonga hadi pajani. Ndio unaokunja mguu. Nadhani umejaa usaha. Kifua kikuu cha uti wa mgongo nacho huleta hali hii, kwa hiyo tutapima yote."

Kifua kikuu hakikuonekana. Picha ikaonyesha usaha umetuama palepale. Daktari akaingiza sindano akiifuata picha, akaacha mrija mwembamba, na usaha ukashuka kwenye mfuko. Dawa za kuua vijidudu zikapita mshipani, kisha vidonge vikafuata kwa majuma. Homa ikakimbia. Mguu ukanyooka.

Ambakisye akarudi nyumbani kwa miguu yake, na wadai wakamfuata zizini.

Daktari akasema, "Mguu nimeunyoosha mimi. Zawadi ya mgonjwa siipeleki kwangu, ila wodi ya watoto inataka maziwa."

Fundi akasema, "Ningekubali ile kona, saa hizi angekuwa amelala nayo. Nani kati yenu amewahi kumfukuza mteja ili mteja apone?"

Shangazi akasema, "Na fundi alikuja kwa kuota? Nisingekata tamaa mapema, tungekuwa tunakanda hadi leo. Halafu, mwanangu, mimi ni shangazi yako."

Ambakisye akasimama wima, kamba mkononi. Alitamani lile goti likunjike tena kidogo tu, kesi iahirishwe. Goti likakataa. Mbele yake mikono mitatu imenyooshwa, na nyuma yake Malaika anacheua.

Enyi mlioketi hapo, msinichekee tu, nijibuni: kamba ya Malaika, apewe nani?